Vichekesho Bila Maneno: Filamu za Kuchekesha katika Nchi ya Shaba na Bonde la Lulua

Filamu za vichekesho vya mwili ni zile ambazo mtu huanguka, hukimbizwa, humwagiwa maji au hupambana na ngazi na baiskeli bila kutamka neno. Zilizaliwa Ulaya mwishoni mwa karne ya 19. Katika nchi ya shaba ya Katanga, ambayo upande wake wa magharibi leo ni jimbo la Lualaba lenye makao makuu Kolwezi, zilifika kwa mikono ya kampuni ya migodi na misheni. Katika miaka ya 1950 vichekesho vya aina hiyohiyo vilianza kutengenezwa ndani ya Kongo, vikiigizwa na Wakongomani, katika mji wa Luluabourg ambao sasa unaitwa Kananga. Pande hizo mbili zinaunganishwa na mto Lulua: unaanzia nyanda za juu za Katanga, unapita Sandoa na nchi ya Walunda, kisha unaelekea kaskazini hadi Kananga na kuingia katika mto Kasai. Kila hatua ya historia hii inahusu jambo moja: nani alikuwa na uwezo wa kuchekesha wengine, na nani aliwekwa mbele ili achekwe.

Chimbuko la Ulaya

Kichekesho cha filamu kinachotajwa kuwa cha kwanza kilipigwa na ndugu Lumière wa Ufaransa mwaka 1895. Mtunza bustani anamwagilia mimea kwa mpira wa maji. Kijana anaukanyaga mpira kwa siri na maji yanakatika. Mzee anauchungulia mdomo wa mpira, kijana anainua mguu, na maji yanamrukia mzee usoni. Hadithi hiyo haifiki hata dakika moja, lakini ina kila kitu ambacho vichekesho vya filamu vilikuja kukitumia: kifaa cha kawaida kinachogeuka adui, mtu mwenye heshima yake anayefedheheka, na mkosaji anayekimbizwa.

Tarehe 1 Novemba mwaka huohuo, ndugu Max na Emil Skladanowsky walionyesha picha zao za kusogea katika ukumbi wa Wintergarten mjini Berlin. Miongoni mwa vipande vyao vifupi kulikuwa na mwanamume anayepigana ngumi na kangaruu, na wanasarakasi wanaofanya mzaha kwenye chuma cha mazoezi. Kwa hiyo nchini Ujerumani filamu na mzaha vilipanda jukwaani siku moja, na kwa miaka mingi baadaye wachekeshaji wa filamu waliendelea kutoka kwenye kumbi za burudani na sarakasi.

Kabla ya Vita vya Kwanza vya Dunia, Gerhard Dammann alijulikana Berlin kwa mfululizo wa filamu fupi za mhusika aitwaye Bumke, mtu wa kawaida anayeharibu kila anachokigusa. Mjini Munich, Karl Valentin, mwembamba na mrefu kupita kiasi, alianza kuigiza katika filamu mnamo 1912. Jukwaani alishirikiana na Liesl Karlstadt, mwanamke mfupi aliyependa kuvaa kiume, na mvuto wa wawili hao ulitokana na tofauti ya miili yao. Mwaka 1923 Valentin aliigiza katika filamu fupi kuhusu saluni ya kinyozi ambayo mshairi na mwandishi wa tamthilia Bertolt Brecht alishiriki kuitengeneza.

Aliyefika mbali zaidi alikuwa Ernst Lubitsch. Alizaliwa Berlin mwaka 1892, mwana wa fundi cherehani Myahudi, akajifunza uigizaji katika kundi la Max Reinhardt, kisha akajipatia jina kwa kuigiza karani mjanja wa duka la nguo katika Die Firma heiratet ya mwaka 1914. Katika Schuhpalast Pinkus ya mwaka 1916, ambayo aliiongoza mwenyewe, kijana mvivu aliyefukuzwa shule anapanda ngazi ya biashara ya viatu kwa ulimi na ujanja hadi kuwa mwenye duka. Die Austernprinzessin ya mwaka 1919 ilimdhihaki tajiri wa Kimarekani na jeshi la watumishi wake. Mwaka 1922 Lubitsch alihamia Hollywood. Katika vichekesho vyake mdogo humzunguka mkubwa, mwajiri huonekana mjinga, na anayepanda cheo kwa hila hutoka salama mwisho wa filamu.

Kwingineko, Charlie Chaplin alianza kuonekana kwenye filamu huko Marekani mwaka 1914 katika kampuni ya Keystone, akiwa na suruali pana, kofia ndogo ya duara na fimbo. Nchini Denmark, kuanzia mwaka 1921, Carl Schenstrøm na Harald Madsen walicheza jozi ya mrefu na mfupi. Wajerumani waliwaita Pat na Patachon, na wasemaji wa Kifaransa wakawajua kama Doublepatte na Patachon. Laurel na Hardy, mwembamba na mnene, walianza kuwa jozi rasmi huko Hollywood mwaka 1927. Katika muda wa miaka kumi na mitatu hivi sanaa hiyo ilikuwa imepata sura ambayo ingeweza kuchukuliwa na kupandwa popote: watu wawili wasiolingana umbo, kazi ndogo ya kufanya, na maafa yanayokua hatua kwa hatua.

Sehemu ya kichekesho ilitoka kwenye mashine yenyewe. Filamu bubu zilipigwa kwa kuzungusha mkono wa kamera, kwa wastani wa picha kama 16 kwa sekunde. Sauti ilipoingia mwishoni mwa miaka ya 1920, mwendo uliowekwa ulikuwa picha 24 kwa sekunde. Filamu bubu ikipitishwa kwenye mashine ya mwendo huo mpya, tukio la dakika moja hukwisha kwa sekunde 40, na watu huonekana wakitembea kwa haraka ya kuchekesha. Watazamaji wengi wa Afrika walizijua filamu za zamani kwa mwendo huo wa kasi.

Makambi ya shaba

Kampuni ya migodi ya Union Minière du Haut-Katanga iliundwa mwaka 1906, na shaba yake ya kwanza iliyeyushwa Elisabethville, leo Lubumbashi, mwaka 1911. Migodi ya magharibi, Ruwe, Musonoi na Kolwezi yenyewe, ilikua zaidi baada ya reli ya Benguela kukamilika mwaka 1931 na kuiunganisha Katanga na bandari ya Lobito nchini Angola. Mwanzoni kampuni iliajiri watu wa muda mfupi, wengi wao kutoka Rhodesia ya Kaskazini. Kuanzia mwishoni mwa miaka ya 1920 ilibadilisha mpango: wafanyakazi walipewa mikataba ya miaka mitatu, wakaruhusiwa kuja na wake na watoto, wakajengewa nyumba, zahanati na shule ndani ya makambi. Watu walitoka Kasai, Lomami, Rwanda na Urundi, na sehemu nyingine za Katanga, na Kiswahili kikawa lugha ya kazi na ya mtaa.

Kambi ilikuwa dunia iliyopangwa na kampuni kuanzia posho hadi mapumziko. Elimu ilikabidhiwa kwa misheni ya Kikatoliki. Katika Katanga ya kusini hao walikuwa hasa Wabenediktini chini ya Askofu Jean-Félix de Hemptinne. Siku ya mapumziko ilikuwa tatizo la wakubwa, kwa sababu pombe, ngoma na mikutano ya watu wa kabila moja havikuwa chini ya macho yao. Mpira wa miguu, bendi ya tarumbeta, skauti na sinema vilitolewa ili kuijaza nafasi hiyo. Filamu ilikuwa na faida ambayo burudani nyingine hazikuwa nayo: mashine moja na shuka jeupe viliweza kuwakusanya maelfu ya watu mahali pamoja, wakae wakitazama upande mmoja.

Filamu haikuwakuta watu wasiojua kuigiza mzaha. Ngoma ya mbeni, iliyoanza kwenye pwani ya Kenya katika miaka ya 1890 na kuenezwa na askari na wapagazi wakati wa Vita vya Kwanza vya Dunia, ilikuwa imekwisha kufika katika miji ya migodi. Wachezaji walijipa vyeo vya gavana, daktari na jenerali, wakavaa sare na kuandamana kwa hatua za kijeshi. Wakubwa wa Kibelgiji waliitazama kwa wasiwasi, kwa sababu hawakuweza kujua kama wachezaji walikuwa wakiwaiga kwa heshima au kwa dhihaka. Katika hadithi za jioni za watu wa Kasai, paa mdogo Kabuluku alimshinda chui kwa akili, kama sungura anavyomshinda fisi kwingineko. Mtazamaji wa kambi alipomwona Chaplin akimponyoka polisi, alikuwa na mahali pa kumweka.

Vichekesho vya zamani vilifaa makambi kwa sababu za wazi. Havikuhitaji tafsiri, jambo kubwa mahali ambapo safu moja ya nyumba ilikuwa na wasemaji wa Kiluba, Kilunda, Kibemba na Kinyarwanda. Gharama ya kuvikodi ilikuwa ndogo kwa kuwa soko la Ulaya lilikuwa limekwisha kuviacha. Tena vilionekana havina hatari: hakuna mapinduzi, hakuna mapenzi marefu, hakuna mwanamke wa Kizungu katika hali ambayo wakoloni hawakutaka Mwafrika aione.

Ng'ambo ya mpaka, makambi ya Rhodesia ya Kaskazini yalikuwa yakiuliza maswali hayohayo. Mwaka 1932 J. Merle Davis, aliyefanya kazi na Baraza la Kimataifa la Wamisionari, aliongoza utafiti kuhusu athari za migodi ya shaba kwa maisha ya Waafrika, na matokeo yake yakatoka kama kitabu mwaka 1933. Kutokana na kazi hiyo ulizaliwa mradi wa majaribio ya filamu za elimu kwa Waafrika, uliofanya kazi kati ya 1935 na 1937 huko Vugiri, katika milima ya Usambara, Tanganyika, chini ya L. A. Notcutt na G. C. Latham. Mradi ulitengeneza filamu 35 za milimita 16, huku sauti ikitoka kwenye sahani za santuri zilizorekodiwa kwa Kiswahili na lugha nyingine. Mada zilikuwa kodi, benki ya posta, minyoo na malaria. Hata hivyo, walioziandaa walijua kwamba somo tupu haliwashiki watu, wakaingiza visa vya mzaha. Wazo la kuifunga dawa ndani ya kicheko lilikuwa tayari linazunguka Afrika Mashariki na ya Kati miaka kumi na zaidi kabla Luluabourg haijapata watengenezaji wake.

Sheria na nadharia ya mtazamaji

Mwaka 1945 Gavana Mkuu wa Kongo ya Wabelgiji aliwakataza Wakongomani kuingia katika kumbi za sinema, za umma au za binafsi, ila kwa filamu zilizopitishwa na tume ya udhibiti. Kumbi za Wazungu za Elisabethville na Léopoldville zilibaki zikionyesha filamu za Marekani na Ufaransa, wakati wakazi wa mitaa ya Waafrika walipewa orodha yao tofauti. Mwaka 1947 idara ya habari ya koloni ilipata ofisi ya filamu na picha iliyopewa jukumu la kutengeneza filamu kwa ajili ya Wakongomani. L. Van Bever, aliyesimamia kazi hiyo, alieleza misingi yake katika kitabu Le Cinéma pour Africains kilichotoka mwaka 1952.

Misingi hiyo ilitokana na imani kwamba Mwafrika haoni filamu kama Mzungu aonavyo. Hadithi iende moja kwa moja, picha zikae muda mrefu kwenye skrini, kusiwe na kurukaruka kutoka tukio hadi tukio wala hila za kamera. Waingereza walikuwa na nadharia kama hiyo, hasa kupitia William Sellers, aliyekuwa ameonyesha filamu za afya nchini Nigeria kabla ya kuongoza kitengo cha filamu za makoloni kilichoundwa mwaka 1939. Kitengo hicho kilitoa filamu ya mwenye hekima na mpumbavu wanaokwenda mjini, mfano mwingine wa jozi iliyopewa kazi ya kufundisha.

Nadharia hiyo iligongana na ushahidi wa kila wiki. Filamu zilizopendwa kuliko zote makambini zilikuwa Chaplin na filamu za kauboi, yaani zile zenye kasi kubwa, mikato mingi na mabadiliko ya ghafla ya mahali. Watazamaji walizifuata bila taabu, wakaiga mwendo na mavazi ya mashujaa wake, na vijana wa Léopoldville wakaunda magenge yenye majina ya kikauboi. Badala ya kuiacha nadharia, wasimamizi waliona katika kupendwa huko sababu ya kuongeza udhibiti. Vichekesho vilipita katika chujio hilo kwa urahisi kuliko kauboi, kwa kuwa ndani yake ngumi haziui mtu.

Mapadri nyuma ya kamera

Misheni ya Kikatoliki ilikuwa na watu, mashine na mtandao wa vituo ambao serikali haikuwa nao, na katika miaka ya baada ya vita mapadri kadhaa walijifunza kupiga filamu. Mjini Léopoldville, Padri Alexandre Van den Heuvel wa shirika la Scheut alianzisha kituo cha sinema cha Kikatoliki. Bukavu, mapadri wa shirika la Mapadri Weupe walikuwa na Africa Films, ambapo Padri De Vloo alifanya kazi. Luluabourg kulikuwa na Lulua Films ya Padri Albert Van Haelst, naye wa shirika la Scheut, ambalo lilikuwa limekita mizizi Kasai tangu mwaka 1891.

Van den Heuvel alikwenda kwenye hadithi za wanyama. Filamu zake za michoro kuhusu Mboloko, paa mdogo mwerevu ambaye ni ndugu wa Kabuluku wa Kasai, zilikuwa miongoni mwa filamu za kwanza za michoro kutengenezwa katika Afrika ya Kati. Van Haelst alichagua njia ya Keystone na Laurel na Hardy. Aliwachukua watu wasiokuwa waigizaji wa kazi, mmoja mnene na mwingine mdogo wa umbo, akawapa majina ya Matamata na Pilipili, na katika miaka ya 1950 akawapiga katika mfululizo wa filamu fupi zilizoonyeshwa sehemu nyingi za koloni.

Chombo chake kilikuwa filamu ya milimita 16, iliyoingizwa sokoni na Kodak mwaka 1923. Filamu za milimita 35 za wakati huo zilikuwa za nitrati, zikishika moto kwa urahisi na kuhitaji chumba maalumu cha mashine. Ile ya milimita 16 ilitengenezwa kwa utando usiolipuka, ikabebwa kwenye sanduku na kuonyeshwa darasani au uwanjani. Ilipigwa bila sauti, kwa mwanga wa jua, katika barabara na nyua za kweli. Hali hiyo ilimrudisha Van Haelst kwenye masharti yaleyale waliyokuwa nayo Dammann na Chaplin katika miaka ya 1910: hakuna mazungumzo, hakuna taa, kila kitu kisomeke kutoka kwenye bega, goti na uso. Miaka karibu 30 baada ya sauti kuingia Hollywood, sinema bubu ilikuwa hai Kasai, na sababu zake zilikuwa za vifaa na lugha zaidi ya ladha.

Visa vya jozi hiyo vilihusu mtu anayekutana na mambo ya maisha mapya ya mji na kuyakosea: kazi, mavazi, amri za wakubwa. Mnene hujifanya mjuzi na kuvuruga. Mdogo huvutwa ndani ya balaa pamoja naye. Mwisho hurejesha utaratibu, na mtazamaji hubaki na onyo.

Jinsi filamu ilivyoonyeshwa

Katika makambi ya Kolwezi onyesho lilikuwa la wazi, usiku, katika uwanja wa kambi, na bila malipo. Nje ya miji ya migodi filamu zilitegemea magari ya idara ya habari na ya misheni, yaliyobeba mashine, jenereta, vipaza sauti na mfanyakazi aliyejua kuvitengeneza vikiharibika njiani. Wilaya ya Sandoa iko kaskazini ya njia ya reli inayotoka Kolwezi kwenda Dilolo, na ni eneo ambalo Wamethodisti wa Kimarekani walikuwa na misheni na shule. Katika maeneo ya namna hiyo gari lilitegemea hali ya barabara, na safari nyingi zilifanyika katika miezi ya kiangazi.

Kati ya mashine na skrini alisimama mtu mwenye kipaza sauti. Mara nyingi alikuwa mwalimu, katekista au karani, naye alieleza picha kwa lugha ya mahali: Kiswahili katika makambi ya shaba, Kiluba katika Kasai, Kilunda upande wa Mwaant Yav, mfalme wa Walunda. Kwa filamu za afya alisoma maelezo aliyopewa. Kwa vichekesho maelezo yalikuwa na nafasi kubwa zaidi ya uhuru, kwa kuwa picha ilijieleza yenyewe na msemaji aliweza kutia neno, kumtania mhusika au kumfananisha na aina ya mtu anayejulikana mtaani. Ujerumani na Ufaransa nazo zilikuwa na wasemaji wa filamu kabla ya kazi yao kufa miaka ya 1910, maandishi ya skrini yalipochukua nafasi yao. Kongo kazi hiyo iliendelea hadi mwisho wa ukoloni, na kupitia kwake filamu bubu ya padri iliweza kupata maana ambayo padri hakuiandika.

Kicheko kilichoelekezwa

Tofauti kati ya vichekesho vya Berlin na vya Luluabourg iko katika upande ambao mzaha ulielekea. Karani wa Lubitsch humcheka mwajiri, na Chaplin humpiga teke polisi. Matamata huchekwa yeye mwenyewe, kwa kuwa amevaa nguo asizozijua au ametaka cheo kisichomfaa. Polisi, bwana na padri hawaanguki.

Wakati wa filamu hizo suala la nani "ameendelea" lilikuwa zito kisheria. Mwaka 1948 koloni ilianzisha kadi ya sifa za kiraia kwa Wakongomani waliothibitisha mwenendo wa kisasa, na mwaka 1952 ikaweka utaratibu wa kuandikishwa kwa wachache ambao wangepewa sehemu ya haki za Wazungu. Mwombaji aliweza kukaguliwa nyumbani kwake: meza yake, vyombo vyake, jinsi anavyoishi na mke wake. Tabaka la makarani, wauguzi na walimu wa Kolwezi na Luluabourg waliishi chini ya mtihani huo. Kuwaonyesha watu uwanjani mtu mnene aliyeshindwa mtihani wa ustaarabu kulikuwa kuwafundisha kumcheka yule anayejaribu.

Hata hivyo, waigizaji walikuwa watu halisi wenye ustadi, na ustadi haukubali kufungwa ndani ya somo. Wakati wa filamu hizo hapakuwa na mahali pengine ambapo Mkongomani aliweza kujiona akiwa nyota kwenye skrini, kwa kuwa filamu za serikali ziliwaonyesha Waafrika kama wafanyakazi, wagonjwa au wachezaji ngoma. Jirani, Tanganyika, jambo kama hilo lilitokea kwa matokeo tofauti: mwanzoni mwa miaka ya 1950 kampuni ya Johannesburg ilipiga filamu za Kiswahili kwa ajili ya serikali, na mwigizaji wake mkuu katika Muhogo Mchungu alikuwa Rashidi Kawawa, karani wa serikali aliyekuja kuwa Waziri Mkuu mwaka 1962.

Baada ya 1960

Uhuru wa tarehe 30 Juni 1960 na kujitenga kwa Katanga siku kumi na moja baadaye vilikata njia ya filamu za misheni. Luluabourg yenyewe ilikuwa imeingia katika mapigano ya Walulua na Waluba tangu mwaka 1959. Vituo vya mapadri viliacha kutengeneza filamu za aina hiyo, ofisi ya filamu ya koloni ilikwisha, na kumbi za sinema zilifunguliwa kwa watu wote.

Vichekesho havikuondoka, vilibadilisha chombo. Mjini Elisabethville, katika mtaa wa Kenya, kundi la Jecoke, yaani Jeunes Comiques de la Kenya, lilikuwa limeanza tangu miaka ya 1950 kuunganisha uimbaji wa sauti nyingi, kucheza kwa miguu na mzaha, likichota mitindo iliyopanda na reli kutoka kusini mwa Afrika. Baadaye Lubumbashi ilimjua Mufwankolo, mchekeshaji aliyelipa kundi lake jina lake, na ambaye michezo yake ya Kiswahili cha Katanga ilisikika redioni na kuonekana kwenye televisheni. Kundi lilibuni michezo yake bila maandishi, kwa kupatana juu ya kisa na kuacha kila mmoja ajaze maneno. Mwaka 1986 mwanaanthropolojia Johannes Fabian, aliyewahi kufundisha chuo kikuu cha Lubumbashi, alifuatilia mchezo wao kuhusu mamlaka kuanzia wazo hadi onyesho lililopigwa kwa ajili ya televisheni katika kijiji cha Kawama, na akauchapishia kitabu mwaka 1990.

Ndani ya michezo hiyo mwili ulibaki na kazi yake: mlevi anayeyumba, kiongozi mwenye tumbo, mdogo mwenye kiherehere. Maneno yalirudi, na pamoja nayo uwezo wa kusema kuhusu mshahara, mchawi, mke mwenza na chifu kwa lugha ya watazamaji wenyewe. Televisheni ya nyumbani na kanda za video viliwafikia wafanyakazi wa Gécamines, kampuni iliyorithi mali ya Union Minière baada ya kutaifishwa mwaka 1967, kwa namna ambayo gari la sinema halikuweza.

Filamu za zamani zilikwenda Ubelgiji. Sehemu kubwa ya filamu za koloni na za misheni imehifadhiwa na taasisi za nchi hiyo, zikiwemo hifadhi ya filamu ya Brussels, makumbusho ya Tervuren na kituo cha nyaraka cha KADOC mjini Leuven. Mwaka 1985 Francis Ramirez na Christian Rolot walitoa kupitia makumbusho ya Tervuren historia ya sinema ya ukoloni ya Zaire, Rwanda na Burundi, kazi iliyowapa mapadri watengenezaji nafasi katika maandishi ya kitaaluma. Mwaka 1996 mwongozaji Tristan Bourlard alitoa filamu ya makala iitwayo Matamata et Pilipili, iliyorejea kwa Van Haelst na kuionyesha tena jozi hiyo kwa kizazi kilichokuwa hakijawahi kukaa mbele ya shuka jeupe uwanjani.